Kinasa Ndoto Kimegoma? Usikifungue Kwanza

Asubuhi moja ya mwezi wa pili, mvua imeing'ang'ania Mikindani, binti mmoja aliingia kibandani kwangu amekumbatia kibuyu kama mtoto mwenye homa.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba, mwanangu. Kina nini?"

"Hakinasi. Wiki mbili nakitundika, hakuna kitu. Leo nimekifungua nikachungulia. Kitupu."

Gunzi la kuzibia alikuwa amelishika mkononi. Nikapitisha kidole ukingoni mwa mdomo wa kibuyu, kikatoka na ule ute mwembamba wa kijivu ambao ndoto huuacha inapopita. Kibuyu hakikuwa kitupu. Kilikuwa na ndoto za siku kumi na nne, na zote zilitoka asubuhi ileile, zikaishia ndani ya bajaji kati ya Mtwara mjini na hapa. Kama kuna dereva wa bajaji anayejiuliza kwa nini mchana ule alisinzia kwenye foleni ya mafuta akajiona anafunga ndoa na mtu asiyemjua, jibu ni hilo.

Vinasa vingi vinavyoletwa hapa havikuwa vibovu vilipotoka nyumbani. Viliharibika pale mwenyewe alipong'oa gunzi ili ajiridhishe. Ndoto ikishatoka hairudi, na hakuna fundi wa kuirudisha, awe wa Mikindani, Kilwa au Newala. Kwa hiyo yote nitakayoeleza hapa chini unayafanya gunzi likiwa mahali pake.

Kwanza kijue chombo chako. Kinasa cha kawaida cha huku kina njia mbili. Mdomo wa juu umezibwa kwa gunzi na nta ya nyuki. Huo ni wa kutolea ndoto siku unapotaka kuinywa. Chini kidogo, shingoni, kuna tundu dogo tunaloliita pua, na ndani yake kuna nyuzi za usumba zilizoelekezwa ndani. Aliyewahi kuona dema haitaji maelezo zaidi: samaki anaingia, njia ya kutokea haioni. Juu ya pua hufungwa uzi uliochomolewa kwenye kanga au shuka la mwenye kuota, ili kibuyu kimjue bosi wake.

Kukikagua bila kukifungua kuna njia tatu. Ya kwanza ni uzito. Chukua ufito, funga kifuu cha nazi kila upande, uuning'inize katikati kwa kamba. Hiyo ndiyo mizani. Kibuyu upande mmoja, korosho ghafi upande wa pili. Kikiwa kipya hakijatumika, hesabu korosho zake uandike kwa mkaa tumboni mwake. Baada ya hapo kila ndoto ya mtu mzima inaongeza korosho moja, mara chache mbili. Ndoto ya mtoto wa miaka mitano inaweza kufika nne, na mjomba wangu aliyeniachia benchi hili hakuwahi kunieleza sababu. (Ndiyo, nilirithi kwa mjomba, si kwa baba. Mtu wa huku hashangai.)

Njia ya pili ni sikio. Liweke tumboni mwa kibuyu, kamwe si puani. Ndoto iliyo hai inavuma kama kombe la baharini. Kibuyu kitupu kinanyamaza kama chungu. Ukisikia mapovu, ruka moja kwa moja hadi kwenye habari ya kuchacha. Ya tatu ni pua yako mwenyewe: nusa kuzunguka nta. Harufu ya nta tu ni salama.

Kimetundikwa wiki nzima na uzito ni uleule

Hili ndilo lalamiko kubwa, na mara nyingi kibuyu hakina kosa. Anza na saa za kulala. Usingizi huenda kwa mizunguko ya dakika kama 90, na kadiri usiku unavyosonga ndivyo sehemu ya ndoto katika kila mzunguko inavyorefuka. Ndoto nene zinakuja alfajiri. Sasa mvuvi wa Msimbati anayeamka saa tisa usiku kuwahi maji ataacha nini kibuyuni? Vipande. Nilikuwa na mteja wa namna hiyo aliyebadilisha vinasa vitatu, kila kimoja akidai kibovu, hadi nilipomwambia akitundike mchana, saa saba, anapolala baada ya kuuza samaki. Siku ya nne kibuyu kilipanda korosho sita. Akaja kunidai fidia ya vile viwili alivyotupa.

Kama saa za kulala ni nzuri, tazama chandarua. Watu wanalala ndani ya chandarua, kibuyu wanakitundika nje ukutani kwa kuwa kinapendeza pale. Ndoto haipiti kwenye matundu yale, inaganda kwenye kitambaa na asubuhi inakung'utwa pamoja na vumbi. Usivue chandarua, malaria si ya kuchezea. Kiingize kibuyu ndani, kining'inie shibiri mbili juu ya kichwa, pua ikimtazama aliyelala.

Kama na hilo liko sawa, basi tundu limezibwa, na mzibaji ni yule nyigu wa udongo anayejenga kwenye kila tundu analoliona, hadi kwenye kitasa cha mlango. Chukua chelewa moja ya ufagio, laini, isiyo na ncha kali. Isukume taratibu kwenda ndani. Udongo ukivunjika uache uanguke tumboni, hauna madhara. Usivute chelewa nje kwa nguvu, kwa sababu nyuzi za usumba zitafuata zikigeuka kuelekea nje, na hapo dema yako itakuwa inatoa samaki badala ya kuingiza. Izungushe huku unaivuta, kama unavyotoa mwiba.

Kinanasa, lakini ndoto si zangu

Mama mmoja wa Shangani alimimina kinasa chake siku ya Idi ili aione tena ndoto ya marehemu dada yake. Akajikuta amepanda mti wa mwembe amevaa kaptura, anakimbizwa na mbwa. Ilikuwa ya mjukuu wake, aliyelala chumba hichohicho likizo nzima.

Ndoto zikichanganyika, chunguza uzi kwanza. Uzi uliofuliwa kwa dawa kali ya kung'arisha unasahau mwenyewe, na kibuyu kisicho na bosi kinachukua cha yeyote aliye karibu, na mtoto ndiye mwenye ndoto nzito kuliko wote chumbani. Chomoa uzi mpya kwenye nguo uliyoilalia angalau siku tatu bila kufua. Wanandoa wawe na vibuyu viwili, kila kimoja upande wake wa kitanda. Najua wengine wanapenda kimoja cha pamoja, wanasema ndiyo mapenzi. Mimi nimeshasuluhisha kesi mbili za mapenzi hayo na siitaki ya tatu.

Sababu nyingine haisemwi sana: kibuyu kilikuwa cha uraka, ile pombe ya mabibo. Msimu wa korosho ukifika, kuanzia mwezi wa kumi, kila kibuyu kinachopatikana kinaingizwa kwenye kazi ya kukamua mabibo, na msimu ukiisha kuna wajanja wanaovisugua kwa mchanga na kuviuza kama vinasa. Ndoto ikiingia humo inalewa. Utaikuta inaanza vizuri, katikati inaimba, mwisho inalia. Kibuyu cha namna hiyo hakitibiki. Kirudishie kazi yake ya zamani.

Kinatoa mapovu, kinanuka uchachu

Kuanzia Desemba hadi Aprili hewa ya pwani inabeba maji kuliko nguo iliyoanikwa. Nta inalegea, unyevu unapenya, ndoto inachacha. Ukiiwahi inaokoka.

Watu wanakosea hapa kwa kukianika juani. Nta ya nyuki huyeyuka kwenye nyuzi joto 62 hadi 64 za Selsiasi, lakini inalainika mapema zaidi, na juu ya bati mchana wa mwezi wa pili gunzi lako litachomoka lenyewe. Nilishaona paa zima la nyumba Chuno likiota. Kunguru wakatua pale wakashindwa kuruka hadi magharibi.

Njia sahihi ni chumvi. Ile ya mawe, ya mashamba ya chumvi ya hapa pwani, ambayo haijasagwa. Jaza ndoo nusu, kizike kibuyu hadi mabegani, pua ibaki wazi, funika kwa kitambaa cha pamba. Siku tatu. Kila asubuhi geuza chumvi kwa mkono, iliyolowa iweke kando. Siku ya tatu sikiliza: mapovu yakikoma, kitoe, paka nta mpya juu ya ile ya zamani bila kugusa gunzi. Yasipokoma, imeshakuwa siki. Kizike chini ya mgomba, usikimwage ndani ya nyumba. Mgomba huo utazaa ndizi za kawaida, usiogope, ila kuku wanaolala chini yake wanapiga kelele usiku.

Wapo wanaokipaka sandarusi kizima ili unyevu usiingie. Wazo si baya. Wazee wa huku waliichimba sandarusi ardhini na kuipakia majahazini iende kung'arisha samani za Ulaya. Tatizo ni mkono mzito: wanapaka hadi puani, usumba unagandamana, tunarudi kwenye lalamiko la kwanza.

Kina maji ndani

Simu za namna hii zinatoka Newala na Tandahimba. "Fundi, kimeingia maji, kinachurura ukikitikisa." Kabla hujakata tamaa, kifunge kwa kitambaa kikavu, kilaze ubavu usiku kucha. Asubuhi kitambaa kikiwa kimelowa, kimepasuka, njoo nacho. Kitambaa kikiwa kikavu, hayo unayoyasikia ni ndoto ya maji, na hakina ugonjwa wowote.

Uwanda wa Makonde hauna mito juu yake. Udongo ule mwekundu unayanywa maji ya mvua yakaenda chini kabisa, na kwa vizazi na vizazi akina mama waliteremka makorongo kwenda kuchota bondeni na kuupanda tena mlima na mitungi kichwani. Mabomba yalikuja, lakini ndoto haijasikia habari za mabomba. Nina mteja bibi wa Newala ambaye kila usiku anaota mto unapita uani kwake, na kinasa chake ukikibeba unatembea kwa tahadhari kama umebeba ndoo iliyojaa. Hataki kitengenezwe. Anakileta nikipige nta tu.

Kinanguruma usiku

Kama unakaa karibu na njia ya reli ya zamani ya kwenda Nachingwea, ni treni. Reli ile ilijengwa kwa ajili ya mradi wa karanga wa Waingereza, ule ulioanza 1947 ukafa 1951, na miaka ya 1960 vyuma viling'olewa. Hamisha kitanda upande wa pili wa nyumba. Kama hukai huko na bado kinanguruma, kuna mwenzako chumbani anayekoroma na hamjaambiana.

Cha mpingo kinaacha weusi mikononi

Hiki hakikuumwa, kilizaliwa hivyo. Vinasa vya mpingo ni kazi ya wachongaji: kinyago chenye tumbo wazi na mdomo wa kuzibwa, na kikiwa halisi kinakaa miaka kuliko kibuyu chochote, kwani moyo wa mpingo hauliwi na wadudu kirahisi. Kwa hiyo ni ghali, na cha ghali kina wa kukiigiza. Wanachonga mti mwepesi, wanapaka kiwi ya viatu, wanakiweka kandokando ya barabara kumsubiri mgeni.

Kigundue hivi: mpingo ni mzito, ukiutia ndani ya ndoo ya maji unazama. Kikielea, umeuziwa kiatu. (Lifanye hili dukani, kabla hujalipa, na pua ikiwa imezibwa kwa kidole.) Halafu tafuta mahali palipochongwa kina, kwapani au nyuma ya sikio, ukwangue kidogo kwa kucha. Mpingo ni mweusi hadi ndani, isipokuwa ile ngozi yake ya nje ambayo ni ya manjano hafifu. Baadhi ya wachongaji huiacha makusudi iwe kama nywele au nguo, na si kasoro. Ila pasiwe puani, maana sehemu ile wadudu wanaipenda.

Ndoto iliyokwisha kuingia kwenye cha kiwi inatoka na harufu ya paredi ya shule. Inavumilika.

Ulimi unawasha baada ya kunywa ndoto

Mtu amekipaka mafuta ya maganda ya korosho kuzuia mchwa. Mchwa kweli wanayakimbia, lakini mafuta yale yanaunguza ngozi, na yasipokauka vizuri yanapenya hadi kwenye ndoto. Usikishike kwa mikono mitupu. Kiweke mahali penye upepo, kivulini, usikitumie hadi kiache kunata. Na kama shamba lako linapulizwa salfa dhidi ya ugonjwa wa ubwiriunga wakati mikorosho inachanua, kifunike kitambaa wiki hiyo, la sivyo utaota vitu vya manjano hadi mavuno.

Ni kizito kuliko inavyowezekana

Mwaka juzi kijana mmoja alinunua kibuyu kikuukuu Lindi, kwenye mnada wa vyombo vya nyumba iliyokuwa inabomolewa. Alikitundika usiku mmoja tu. Asubuhi hakuweza kukishusha peke yake. Alikileta kwa toroli, na mizani yangu ilivunjika ufito. Nilikwenda kwa jirani muuza nazi, nikapima kwa mizani yake ya chuma: kilo kumi na nane. Kibuyu cha kawaida, kilo moja haifiki.

Nikaweka sikio. Kwa dakika nyingi sikusikia mvumo, nikadhani kimejaa mawe. Kisha nikasikia pumzi. Mtu anatembea, amebeba kitu kichwani, na kila hatua shingo inalalamika. Nyuma yake kuna wengine, wengi, wamefuatana kwa mstari. Anaota usiku wa njiani, amelala, na ndani ya ndoto bado anatembea.

Mzee mmoja wa Kitunda, ng'ambo ya ghuba ya Lindi, ndiye aliyenifungua akili. Kati ya 1909 na 1913 Wajerumani walichimba mifupa ya dinosaria kwenye kilima cha Tendaguru. Hakukuwa na reli wala wanyama wa mizigo. Mifupa ilifungashwa, ikabebwa vichwani na mabegani, mwendo wa siku nne hadi Lindi, ikapakiwa meli. Zaidi ya tani 200 zilipita hivyo. Mmoja wa wanyama hao amesimamishwa Berlin, kimo chake kinapita meta 13, na watu hulipa kiingilio kumtazama. Kibuyu hiki ni cha mmoja wa waliobeba. Alilala njiani, kibuyu chake cha maji kikiwa pembeni, bila uzi, bila usumba, na uchovu wake ulikuwa mzito kiasi cha kujiingiza wenyewe.

Ukikutana na chombo cha namna hii, dalili ni tatu: uzito usio na hesabu, hakina pua, na gunzi limekauka hadi limekuwa kama jiwe. Usikitundike juu ya kitanda, kwa sababu kamba itakatika na wewe uko chini. Usikichanganye na vingine. Ndoto nyepesi zikiwekwa karibu nacho zinaanza kutembea kwa mstari. Kiweke sakafuni, juu ya mkeka, mahali penye kivuli. Kijana aliniuliza kama akifungue. Nikamuuliza kama shingo yake iko tayari. Alikifikiria siku mbili, kisha akarudi na mkeka mpya wa ukindu na jagi la maji, akayaweka pembeni ya kibuyu, sikumwambia afanye hivyo. Tulipopima tena mwezi uliofuata, kilikuwa kilo kumi na saba na nusu. Sasa ni kumi na sita.

Ukishindwa yote

Kilete. Kifunge kwa kanga mbili, mdomo juu, na ukipakate mwenyewe. Buti la basi lina joto na lina mizigo ya watu. Waliotoka Kilwa wapande basi la asubuhi, kabla jua halijakolea. Na ukiwa nacho mapajani usisinzie, maana pua hailali. Mtu akipitiwa na usingizi Nangurukuru, akifika hapa anakuwa na ndoto mbili zilizoshikana kama korosho pacha, na kuzitenganisha natoza mara mbili.